Teke Lisilogusa: Mpiganaji Anapogeuka Mcheza Senema

Jioni moja jirani yangu hapa Bwera, mke wa koplo aliye kazini mbali na nyumbani, alinijia barazani akiwa na karatasi ya matokeo ya mwanawe mkononi. Kijana yuko mwaka wa tatu wa sekondari. Hesabu amepata alama za aibu, Kiingereza afadhali kidogo, na chini ya karatasi mwalimu ameandika kwamba akili ya mwanafunzi haiko darasani. Mama yule hakuhitaji kuambiwa akili hiyo iko wapi. Kila Jumamosi kijana hupanda gari la abiria kwenda Kasese mjini, mwendo wa kilomita 50 hivi, ambako askari polisi mmoja huwafundisha vijana mchezo wa taekwondo uwanjani. Hurudi magharibi akiwa na vumbi hadi kwenye nyusi. Kisha, badala ya kufungua daftari, huingia kibanda cha video.

"Mwalimu," aliniambia, kwani watu wengi hapa bado huniita hivyo ingawa niliacha chaki zamani nikaingia ofisini, "huyu mtoto anasema hataki kazi ya baba yake, wala hiyo yako ya kalamu. Anataka awe bingwa, halafu aigize senema. Hebu niambie kweli, huko kuna chakula?"

Sikuwa na jibu. Nilimwomba anipe wiki moja nitafute. Niliyoyapata nayaandika hapa, maana naamini kijana wa namna hii hakosekani katika kambi yoyote ya jeshi wala katika nyumba za polisi.

Jambo la kwanza ambalo mke wa askari anapaswa kulijua ni kwamba taekwondo yenyewe ilizaliwa kambini. Jina hilo lilitangazwa tarehe 11 Aprili 1955 huko Korea Kusini, na aliyelipendekeza alikuwa jenerali wa jeshi, Choi Hong Hi, ambaye aliwafundisha askari wake mapigano hayo. Neno lenyewe lina sehemu tatu: la kwanza ni pigo la mguu, la pili ni ngumi, la tatu ni njia. Baadaye jenerali alikosana na serikali yake, akahamia Kanada, na mnamo 1980 akaupeleka mchezo wake Korea Kaskazini. Ndiyo sababu hadi leo kuna taekwondo za namna mbili zisizosalimiana vizuri. Ile ya Kusini ndiyo iliyoingia Olimpiki, kwanza kama onyesho tu mjini Seoul mwaka 1988, kisha kwa medali kamili mjini Sydney mwaka 2000. Ile ya Kaskazini haikutupita sisi. Wakufunzi wa Korea Kaskazini waliwafundisha polisi wa Uganda mapigano ya mikono mitupu kwa miaka kadhaa, mpaka serikali ilipokubali kukatiza ushirikiano huo mwaka 2016, baada ya Rais Park Geun-hye wa Korea Kusini kuzuru Kampala. Basi mateke ya kijana wetu, kama mchuzi wa mgeni, yana viungo vilivyotoka mbali.

Je, kuna aliyetoka uwanjani akaingia kwenye senema na akala? Wapo. Kijana mwenyewe alinitajia wa kwanza, Monsour del Rosario wa Ufilipino, aliyezaliwa mwaka 1965. Huyu aliipatia nchi yake medali za dhahabu katika michezo ya Asia ya Kusini-Mashariki, akaiwakilisha pia katika onyesho lile la Seoul 1988. Hakurudi na dhahabu ya Olimpiki. Alirudi na mwili uliokwisha kufundwa pamoja na jina linalojulikana, na vyote viwili vikamfungulia mlango wa senema za mapigano za Manila. Mwaka 2016 alichaguliwa kuwa mbunge wa mji wa Makati. Mwaka 2022 aligombea useneta, akashindwa.

Lakini hapa nilimwonya kijana asiende haraka. Ufilipino haikuwa nchi ya kawaida katika mambo ya senema. Wamarekani walipotaka msitu wa kupigia picha za vita vyao, mara nyingi walikwenda huko, kwa kuwa gharama ilikuwa ndogo na mandhari yalifanana na Vietnam. Apocalypse Now ya mwaka 1979, Missing in Action ya 1984, American Ninja ya 1985, Platoon ya 1986, zote zilipigwa huko. Mpiganaji wa Manila alikuwa na kiwanda mlangoni. Mpiganaji wa Bwera mlangoni ana barabara ya Mpondwe na malori ya kwenda Kasindi.

Wa pili nilimpata mwenyewe, na huyu atawapendeza wasomaji wetu wa polisi. Chuck Norris aliingia jeshi la anga la Marekani mwaka 1958, akawekwa katika kikosi cha polisi wa jeshi hilo na kupelekwa kituo cha Osan, Korea. Kwa saa zake za mapumziko alijifunza mapigano ya Kikorea yaitwayo tang soo do. Alipoacha jeshi mwaka 1962 alifungua shule ya kufundisha watu, akaanza kushindana, na mashindano yake ya mwanzo akashindwa. Ubingwa wa dunia wa karate katika uzito wake aliupata mwaka 1968. Miaka minne baadaye Bruce Lee alimwita wapigane mbele ya kamera, katika pambano la Colosseum la senema ya The Way of the Dragon. Na huko bingwa wa dunia alifanya jambo ambalo uwanjani asingelikubali hata kwa fedha nyingi: alipigwa, akaanguka, akafa.

Hapo ndipo penye kiini cha habari hii. Vijana hudhani senema ni uwanja wa mashindano uliowekewa taa. Sivyo hata kidogo. Uwanjani mpiganaji hulificha teke lake hadi dakika ya mwisho ili adui asilione. Mbele ya kamera hulianzia mbali na kulipanua, ili hata mtoto aliyeketi nyuma kabisa kibandani alione likija. Uwanjani teke likigusa unapata alama. Kwenye senema likigusa umeharibu kazi, na pengine umemvunja mwenzako taya. Kamera huwekwa nyuma ya bega la anayepigwa, mguu ukapita hewani umbali wa kiganja kutoka usoni, naye hukitupa kichwa pembeni kwa wakati uleule, wala si nukta moja kabla. Kile kishindo cha pigo hutiwa baadaye mezani. Kisha mkurugenzi husema hakuridhika, na mnarudia mara ya pili, ya tano, ya kumi, kwa nguvu ileile na uso uleule wa hasira, ilhali jua linachoma na njaa inauma. Mwenye hasira za kweli hawezi kazi hii.

Kwa hiyo bingwa anayehamia senema anaanza upya katika darasa la kwanza. Kilichomfaa uwanjani kinachobaki naye ni pumzi, mizani ya mwili na utii kwa mkufunzi. Mengine yote hana budi kuyapindua, na gumu kupita yote ni kujifunza kuanguka. Mtu aliyefunzwa miaka kumi kutoanguka, sasa aanguke vizuri, kwa amri, bila kuumia, na aonekane ameumia.

Aidha, huyo Bruce Lee ambaye picha yake bado imebandikwa katika vinyozi vya Kasese hakupata umaarufu wake katika mashindano ya mapigano. Baba yake alikuwa mchezaji wa tamthilia za kuimba za Kichina, naye aliigiza tangu utotoni. Mwaka 1958 huko Hong Kong alitwaa ubingwa wa kucheza dansi ya cha-cha. Mama jirani alicheka sana niliposimulia hili. Kijana hakucheka. Nikamwongezea mfano wa karibu zaidi: ile senema ya Queen of Katwe ya mwaka 2016, kuhusu Phiona Mutesi, bingwa wa sataranji. (Katwe hiyo ni ya Kampala; wapo watu hapa Kasese waliokwenda kuitazama wakitarajia kuona ziwa letu la chumvi.) Binti aliyemwigiza bingwa, Madina Nalwanga, hakutolewa kwenye chama cha sataranji. Walimwona katika darasa la dansi.

Sasa tuje nyumbani Uganda, kwani hadithi za Manila na Marekani hazimlishi mtu wa Bwera. Katika mtaa wa Wakaliga, Kampala, mtu mmoja aitwaye Isaac Nabwana, mzaliwa wa mwaka 1973, aliyepata kufyatua matofali kwa riziki yake, alianzisha kampuni ya senema mwaka 2005. Aliiita Ramon kwa kuunganisha majina ya bibi zake wawili, Rachael na Monica. Utotoni hakuwa na nafasi ya kwenda kutazama senema. Kaka yake ndiye aliyekuwa akirudi nyumbani na kumsimulia. Kompyuta alizifanyia kazi katika chumba cha nyumba yake, na mkewe Harriet akawa nguzo ya shughuli za kampuni. Bunduki zao ziliungwa kwa vyuma chakavu na fundi wao Dauda Bisaso. Damu ya mwanzo ilikuwa ya ng'ombe, hadi mchezaji mmoja alipougua, wakaiacha na kutumia rangi ya chakula iliyofungwa katika mipira ya kondomu.

Mwaka 2010 walitoa senema iliyowapeleka duniani, Who Killed Captain Alex?, yaani nani alimuua Kapteni Alex, kwa gharama iliyotajwa kuwa chini ya dola 200 za Kimarekani. Kapteni wa jeshi anatumwa kuliangamiza genge la wahalifu, anauawa kambini usiku, na ndugu yake mpigana kung fu anakuja kutafuta muuaji. Huyo ndugu wa kapteni ni Bruce U, ndiyo kusema Bruce wa Uganda, na huyu ndiye mfano nilioutaka. Sina medali ya Olimpiki ya kuwaonyesha kwa jina lake. Ni mwalimu wa kung fu, mtu ambaye mtaani kwake amewafundisha watoto kurusha miguu na kuangukia vumbi bila kuvunjika, na baadhi ya watoto hao wakaja kuwa wachezaji wa senema hizohizo. Senema ilipoanza haikumtafuta mpiganaji kwingine. Alikuwa tayari anaishi hapo.

Aliyemwigiza Kapteni Alex anaitwa Kakule William. Msomaji wa huku milimani ameshatabasamu. Kule, kwa upande wetu wa mto Lhubiriha, na Kakule kwa ndugu zetu wa ng'ambo Kongo, ni jina la mtoto wa kiume wa nne. Kijana alitaka kujua kama kapteni ni mtu wa kwetu. Nilimjibu kwamba jina si cheti cha kuzaliwa, lakini sikumzuia kufurahi.

Senema hiyo huchekesha zaidi kwa sauti ya msimulizi, VJ Emmie, ambaye hupayuka juu ya picha, kuwatania wachezaji na kuwasifu makomando mpaka mtazamaji asahau kwamba helikopta si ya kweli. Kibanda cha video bila msimulizi kama huyo ni kama chai isiyo na sukari. Hapa kwetu, ambapo katika benchi moja huketi Mkonzo, Mganda, askari aliyezoea Kiswahili cha kambini na dereva wa lori kutoka Beni, msimulizi hufanya kazi kubwa kuliko mwalimu wa lugha. Muuaji wa kapteni, kwa taarifa yenu, hajulikani hadi mwisho.

Ni lazima niseme pia lililomkera mama jirani. Aliitazama mara moja pamoja na mwanawe, akatoka kabla haijaisha. Bwera ni mahali palipousikia mlio wa bunduki zisizoungwa na fundi wa mtaani. Tarehe 13 Novemba 1996 waasi wa ADF walivamia Mpondwe, na usiku wa tarehe 16 Juni 2023 walirudi katika shule ya sekondari iliyo hapohapo mpakani wakaua wanafunzi. Mwanamke ambaye mumewe yuko kazini na mtoto wake ni mwanafunzi hawezi kulazimishwa kucheka kapteni anapokufa. Mimi binafsi naona kicheko cha Wakaliga kina ushujaa wake. Nabwana na wenzake walikua katika miaka ya vita, na wakaamua kuigeuza bunduki kuwa kitu cha kuchezea. Lakini simlaumu mama aliyeondoka.

Turudi kwenye chakula, maana ndilo swali nililoulizwa. Wachezaji wa Wakaliga hawakuwa watu wa mshahara. Senema ilipokamilika ilitiwa kwenye diski, na wachezaji wenyewe, pengine wakiwa wamevaa mavazi yao ya kuigizia, wakapita nyumba kwa nyumba kuiuza na kugawana mapato na kampuni. Iliwapasa kuuza upesi, kwa kuwa baada ya siku chache nakala za wizi zilikuwa zimejaa mjini. Wengi walikuwa na kazi nyingine za mkono au za duka. Kipande cha kutangaza senema ile kilipowekwa kwenye intaneti mwaka 2010 kilitazamwa na watu zaidi ya milioni, na haikuwa na maana kwamba shilingi milioni ziliingia Wakaliga. Mmarekani mmoja wa New York, Alan Hofmanis, alifika mwishoni mwa 2011, akavutiwa hata akahamia huko na kushirikiana nao. Senema yao Crazy World ilionyeshwa katika tamasha la Toronto mwaka 2019, na mwaka 2022 walialikwa katika maonyesho makubwa ya sanaa ya Kassel, Ujerumani. Sifa ilivuka bahari mbele, fedha ikafuata nyuma kwa mwendo wa kinyonga.

Basi jibu langu kwa mama lilikuwa hivi: chakula kipo, ila ni chakula cha mwenye shamba la pili. Del Rosario alipata siasa, Norris alikuwa na shule ya kufundishia, Dauda alikuwa na ufundi wake, na Bruce U ana wanafunzi. Sikukuta hata mmoja aliyelishwa na teke peke yake. Ukweli wa upande wa pili nao sikumficha. Askari polisi yule wa Kasese amefanya jambo ambalo mimi na mwalimu wa hesabu tumeshindwa: kijana anaamka saa kumi na moja alfajiri bila kuitwa. Kumkataza Jumamosi yake hakutamletea alama za hesabu. Nilishauri nauli ya Kasese itolewe kila daftari la wiki likionyeshwa limejaa, na mama akaona ni shauri la haki.

Jambo moja zaidi nilimwambia kijana uso kwa uso, na wasomaji wetu walioko kambini wawaambie watoto wao. Kuigiza uaskari ni halali. Kuchukua sare ya baba kabatini na kwenda nayo mbele ya kamera si halali. Sheria ya jeshi ya mwaka 2005 inamkataza raia kuwa na vifaa vya jeshi bila idhini, na sare ni mojawapo. Aliinamisha kichwa kidogo, nikajua nimefika kwa wakati.

Tangu hapo amejitengenezea godoro nyuma ya nyumba, magunia matano yaliyojazwa makapi ya kahawa na kushonwa pamoja. Jioni, akimaliza daftari, huruka na kuangukia hapo, kwa bega, kwa ubavu, kwa mgongo, huku wadogo zake wakimhesabia.

Mwezi uliopita koplo alikuja likizo. Siku ya pili aliketi kizingitini na kikombe chake cha chai akamtazama mwanawe. Kijana alikuwa akiigiza askari aliyepigwa risasi: akarusha mikono juu, akazunguka mara moja na nusu kama walivyo wa kwenye senema, akajibwaga kwenye magunia. Wadogo zake wakapiga makofi.

"Mtu aliyepigwa haanguki hivyo," koplo alisema.

Kijana aliinuka, akamsogelea. "Huanguka vipi, baba?"

Koplo alikitazama kikombe chake kitambo. Kisha alikiweka chini, akaenda kwenye magunia, akasimama, akaonyesha. Hakurusha mikono. Magoti tu yalilegea, akaketi, kisha akalala kwa ubavu taratibu kama mtu aliyechoka. Hakuna aliyepiga makofi. Aliinuka akajikung'uta makapi, akarudi kwenye chai yake, na Jumamosi iliyofuata yeye ndiye aliyetoa nauli.